Papa Keza, Msafiri wa Kuaminika

Salvator alikuwa na kadi moja ambayo hakuitoa mfukoni ila kwa sababu maalumu. Ilikuwa kadi ya uwanja wa ndege, ile wanayopewa wasafiri ambao serikali imewachunguza, ikachukua alama za vidole vyao, ikaridhika nao, ili wakirudi kutoka nje wapite mlango wa haraka bila kupanga foleni. Siku ilipofika kwa posta alimpelekea Severin, mwalimu wa kwaya yetu, amfasirie maandishi yake. Severin akasoma, akafikiri kidogo, akasema: msafiri wa kuaminika. Tangu siku hiyo hatukuwa na raha pale parokiani.

"Nimekaa kambi ya wakimbizi miaka kumi na tano," Salvator alikuwa akisema baada ya misa ya Kiswahili huko Fort Worth, watu wamesimama na vikombe vya chai. "Kila niliyemweleza habari zangu aliniambia ngoja kwanza tuhakikishe. Leo Amerika imeandika yenyewe kwamba Salvator anaaminika. Mnaiona?"

Tuliiona. Tuliiona Pasaka, tukaiona Pentekoste, na Krismasi tukaiona tena. Mtu mzima, mpanga matairi katika ghala la kaskazini mwa mji, aliyepanda ndege kwenda nje mara moja tu tangu aingie nchi hii, anatembea na kadi ya wakurugenzi! Tulimcheka, naye alicheka nasi, lakini kadi aliirudisha mfukoni taratibu na kuipapasa kwa nje kuona kama imekaa vizuri.

Hakuichukua kwa majivuno, hilo nataka lieleweke. Aliichukua kwa sababu ya hiyo safari moja.

Mkewe, Marie-Goretti, alifariki kwa saratani ya titi miaka minne iliyopita, akamwachia binti mmoja tu, Keza, mwenye miaka tisa. Salvator hakutaka mama wa marehemu aipate habari kwa simu akaishia hapo. Akamchukua mtoto, wakaenda hadi Kasulu, mkoa wa Kigoma, kwa bibi Esperance, wakalia pamoja wiki tatu. Wakati wa kurudi, katika uwanja mmoja wa njiani, afisa akazitazama hati zao mbili za safari. Ya baba ilisema Salvator Nzikobanyanka. Ya mtoto ilisema Keza Irakoze.

Hapa lazima nieleze, maana asiye Mrundi atadhani kuna kitu kilifichwa. Sisi hatuna jina la ukoo. Kila mtoto hupewa lake mwenyewe, na jina hilo ni maneno kamili. Mzazi hulitumia kusema lililo moyoni mwake siku ile, na mara nyingi hulisema ili jirani alisikie. Baba yake Salvator alimpata mwanawe wakati amezungukwa na watu wasiomtakia heri, akamwita Nzikobanyanka, yaani najua kwamba wananichukia. Marie-Goretti alijifungua Fort Worth, baada ya mimba mbili kuharibika, akamwita bintiye Irakoze, yaani Mungu ashukuriwe. Baba na mtoto, majina mawili, na hakuna Mrundi ambaye angeshangaa. Lakini afisa hakuwa Mrundi, na mwanamume akisafiri na mtoto wa kike asiye na jina lake, afisa anayeijua kazi yake lazima aulize.

Wakatenganishwa, baba benchi hili, mtoto benchi lile. Mama mmoja mwenye sare akachuchumaa mbele ya Keza, akamwuliza kwa upole baba yake anaitwa nani.

Keza hakujua. Nani angemfundisha? Nyumbani alikuwa Papa, na nje ya nyumba watu wote, kuanzia padri hadi majirani, walimwita kwa jina la mtoto wake. Basi mtoto akajibu alilolijua: "Papa Keza." Yule mama akaandika Papa kuwa jina la kwanza na Keza kuwa jina la ukoo, akaenda kulitafuta kwenye hati ya Salvator, asilikute. Walikaa saa nne. Ndege yao ya Dallas iliondoka bila wao. Alipopatikana mtu wa kuthibitisha kwa simu, Keza alikuwa amejikojolea kwa kuogopa kuomba ruhusa, na Salvator alimfunga sweta lake kiunoni wakatoka hivyo mbele za watu.

Aibu ya siku ile haikumtoka. Waliporudi aliomba zile kadi, yake na ya mtoto, ili mashine za serikali ziwajue pamoja. Halafu akaanza somo. Kila asubuhi, akimpeleka Keza shule, alimwuliza mle garini.

"Mtu wa ofisi akikuuliza jina la baba yako, utasema Papa Keza?"

"Hapana."

"Papa Keza ni la wapi?"

"La nyumbani."

"Utasema lipi?"

"Jina lililoandikwa kwenye karatasi."

"Haya, liseme."

Keza alilisema huku ulimi unajikwaa, Nziko, Nzikoba, na mwishowe wote wawili walicheka hadi geti la shule. Lakini kesho yake aliulizwa tena, na kesho kutwa, mpaka jibu likawa linamtoka hata akiwa anafunga kamba za viatu.

Kisha pumu ya mtoto ikazidi. Salvator alikuwa zamu ya mchana, ile inayoanza saa nane, na Keza akitoka shule alikuta nyumba tupu. Mara moja jirani alimkuta ameketi kwenye ngazi midomo imegeuka rangi. Ndipo Liliane, mdogo wa marehemu, anayeishi Sharpstown kule Houston, aliposema: nilete mtoto, nimlee. Liliane anafanya kazi ya kutunza wazee kwenye makao yao. Mumewe, Sheldon Broussard, ni fundi wa mitambo, mtu mkimya, mzaliwa wa hapo hapo Houston. Hawakujaliwa mtoto. Na kwetu mama mdogo ni mama, hakuna anayeuliza zaidi ya hapo. Salvator akampeleka Keza na sanduku lake na dawa yake ya kuvuta, akakaa kula chakula cha mchana, akarudi.

Ilikuwa iwe miezi mitatu. Mwanzoni alikwenda kila Jumapili ya pili, mwendo wa saa nne kwenda na saa nne kurudi. Baadaye kila mwezi. Baadaye sikukuu. Nampenda Salvator lakini sitamtetea kwa hili: alichoka, akaona mtoto anapumua vizuri na anafaulu shule, akajizoeza kukaa bila yeye. Alijua amekosea na alisema hivyo mwenyewe.

Mwaka juzi Liliane alimpigia simu. "Shemeji, kuna karatasi za kulea zinataka sahihi yako. Sheldon anataka kumwingiza mtoto kwenye bima ya kazini kwake, na wao hawakubali bila karatasi." Salvator akaenda siku ya mapumziko, akambebea Liliane na mguu wa mbuzi wa kumshukuru. Walikwenda kwenye duka moja la Sharpstown wanakotuma vifurushi na kupiga mihuri. Kulikuwa na kurasa nyingi na mashahidi wawili. Alitia sahihi kila palipowekwa kidole, Nzikobanyanka, Nzikobanyanka, jina refu lile, mpaka mwenye muhuri akamtania kwamba wino utakwisha. Yeye akawashukuru wote, maana kulea ni kulea, na si kila mtoto asiye na mama anapata wa kumlea.

Mwezi wa nne mwaka huu Salvator akala kiapo cha uraia. Mtihani wa Kiingereza ulimwangusha mara mbili, mara ya tatu akaupita. Kwenye fomu za uraia kuna mahali unaulizwa kama unataka kubadilisha jina. Wenzake huchagua majina mafupi ili wasisumbuliwe kazini. Salvator aliandika Irakoze.

Tulimcheka wiki nzima. "Mtoto amemzaa babake!" Mzee Cyrille wa parokia yetu hakucheka, alikasirika. "Jina la baba yako umelitupa wapi?"

"Baba yangu alikuwa anasema na majirani zake," Salvator akamjibu. "Majirani wale wamekufa wote. Mimi nabaki nalo nimwambie nani?"

Kumbadilisha mtoto jina hakutaka hata kusikia. Lile jina ndilo Marie-Goretti alilolitoa kinywani mwake akiwa amempakata, na Salvator hakuwa tayari kulifuta. Heri yeye ajisogeze. Alimpigia Liliane jioni ya siku ya kiapo, akiwa bado na suti.

"Umelichukua Irakoze?" Liliane akauliza.

"Nimelichukua. Sasa hakuna wa kutuuliza kitu."

"Shemeji," Liliane akaanza, kisha akasema chungu kinaungua, atapiga baadaye. Hakupiga.

Kuna jambo moja ambalo Salvator alimwambia Severin peke yake. Ghalani walikuwa wamemhamishia zamu ya asubuhi. Alikuwa amehama, amechukua nyumba ya vyumba viwili, na katika kile kidogo ameweka kitanda kipya ambacho hakukitoa nailoni yake. Mwezi wa kumi na mbili angempeleka Keza Kasulu, kwa sababu bibi Esperance macho yanafifia na kila simu anaomba amwone mjukuu kabla giza halijamfunga. Wakirudi, mtoto hatateremkia Houston. Atakuja naye nyumbani Fort Worth moja kwa moja, na itakuwa imekwisha. Hilo ndilo alilokuwa akilingojea tangu kiapo, na zile kadi mbili zilikuwa mlango wake.

Sasa, jina kwenye kumbukumbu za wasafiri wale halibadilishwi kwa simu. Unakwenda mwenyewe, na hati mpya, na karatasi ya kuonyesha kwamba mtu wa zamani na wa sasa ni mmoja. Dallas kuna ofisi, uwanjani, nusu saa kutoka kwake. Lakini Salvator aliomba miadi ya Houston, kwa sababu alitaka Keza awepo. Alitaka afisa azione kumbukumbu mbili kwenye kioo kimoja, Irakoze na Irakoze. Liliane alileta visingizio: mtoto ana mitihani, mtoto ana mafua. Mwishowe akasema kwa sauti ya mtu aliyechoka, "Sawa. Nitamleta mwenyewe."

Walikwenda Alhamisi, kwa gari la Severin, aliyeomba ruhusa ofisini kwake Plano ili awe mkalimani. Severin ni Mchaga wa Rombo, na Kiswahili kwake ni kama usafi. Hata mtu akisali vibaya humsahihisha baada ya Amina.

"Nitamwambia afisa nimebadirisha jina," Salvator alisema walipolipita daraja la kwanza la Houston.

"Nimebadilisha. Kwa l."

"Nimebadilisha. Mwalimu, wewe hata Mbinguni utamsahihisha Petro mlangoni."

Alikuwa na furaha, Severin anasimulia. Alikuwa amevaa suti ya kiapo.

Waliwakuta Liliane na Keza kwenye viti vya kusubiri. Liliane alikuwa na sare ya kazi na bahasha ya kaki aliyoikumbatia kifuani. Keza, miaka kumi na mitatu, alikuwa ameota kama mahindi, amefika begani kwa babake. "Hi, Papa," akasema, akamkumbatia kwa mkono mmoja.

Salvator hakuweza kungoja. Akafungua hati yake mpya ya kusafiria, akaweka kidole chini ya jina. "Soma."

Keza akasoma. Akamtazama mama yake mdogo, kisha akatazama viatu vyake. "That's... that's nice, Papa."

"Sasa tumefanana!" akasema Salvator, na akacheka peke yake.

Afisa alikuwa mama wa makamo mwenye miwani ya kamba, mtaratibu, asiye na haraka na mtu. Alianza na Salvator. Alichukua hati, akachukua cheti cha uraia ambamo majina yote mawili yameandikwa, la zamani na jipya, akamwuliza kupitia kwa Severin kama yeye na huyu Nziko, samahani, huyu wa jina la kwanza, ni mtu mmoja.

"Nzikobanyanka," Salvator akamsaidia. "Ni mimi. Mimi mwenyewe." Akainua mkono wa kuume kama mahakamani, ingawa hakuambiwa ainue. Afisa akatabasamu, akabofya, akampiga picha, na baada ya dakika chache akamwambia imekwisha: kumbukumbu yake sasa inasoma Irakoze, kadi mpya itakuja kwa posta.

Salvator akageuka, akamwita Keza kwa mkono. "Na huyu ndiye binti yangu. Mwambie, mwalimu. Irakoze na Irakoze."

Afisa akaomba hati ya mtoto. Keza hakuwa nayo. Liliane akainuka, akaja na bahasha, akaitoa mwenyewe. Afisa akaifungua, akatazama kioo, akatazama hati, akatazama kioo tena. Akasema jambo, na Severin, aliyekuwa amezoea kufasiri papo hapo, akainama kwanza kuitazama hati.

"Anasema nini?"

"Anasema kwenye mashine mtoto ni Keza Irakoze, lakini hati hii ni ya Keza Broussard. Anauliza kama na yeye amekuja kubadilisha jina, na kama kuna amri ya mahakama."

Liliane alikuwa ameshaitoa. Ilikuwa kwenye bahasha ile ile, na nyuma yake zile kurasa za duka la Sharpstown. Afisa akasoma bila haraka. Akainua macho. Mzazi wa mtoto ni nani hapa?

"Mimi," akasema Salvator.

"I am," akasema Liliane, kwa sauti ndogo. "Me and my husband."

Severin akaomba aione karatasi. Akaisoma yote, hadi muhuri. Huyu ni mtu ambaye neno halimpotei, lakini siku ile, anasema, alitafuta pa kuanzia akakosa.

"Baba Keza. Hii siyo karatasi ya kulea."

"Ni ya kulea. Nili-sign mwenyewe. Nakumbuka hata kalamu."

"Siyo kulea. Hii ni kuasili."

Salvator alikuwa hajawahi kulisikia neno hilo maishani mwake. Kambini hawakulitumia, kanisani hawakulitumia. Sikio lake likachukua lile linalofanana nalo, analolijua. "Kuasi? Nimeasi nini mimi? Nimemwasi nani?"

"Si kuasi. Kuasili." Kwa mara ya kwanza Severin alilichukia sahihisho lake mwenyewe. "Ni kumchukua mtoto wa mwenzio kisheria akawa wako. Aliyemzaa anatoka. Hapa umesema unaachia haki zako zote, na hapa umesema hutarudi nyuma, na hapa umesema huna haja ya kuitwa mahakamani. Jaji amekubali. Imepita mwaka na zaidi."

Salvator alimgeukia Liliane. Hakupiga kelele. Alimtazama tu kama mtu aliyeulizwa kitu asichokielewa.

"Shemeji, sikukudanganya," Liliane akasema, na machozi yakamwanguka juu ya sare. "Mwanasheria alisema adoption. Neno la Kiswahili sikuwa nalo. Nikatafuta moyoni nikapata kulea. Nilipokuja kuelewa, ulikuwa ume-sign tayari, na mtoto ameshapata bima, ameshapata daktari wake. Nikasema nitakwambia Pasaka. Nikasema nitakwambia Krismasi. Halafu ukanipigia na hilo jina." Akajifuta kwa kiganja. "Mara mbili nilimbeba hospitali hana pumzi. Wananiuliza wewe ni nani wake? Nasema mama mdogo. Wananiambia mama mdogo haweki sahihi, aitwe mzazi. Nakupigia, uko ghalani, simu iko kwenye kabati. Na wewe unajua inavyokuwa, mtu akikuuliza wewe ni nani wake."

Alijua. Hakuna mtu aliyejua kuliko yeye. Ndiyo maana hakuweza kumtukana. Alichukua zile kurasa, akazipekua hadi chini, akaona mwandiko wake mwenyewe, herufi kubwakubwa za mtu aliyejifunza kuandika ukubwani.

"Mwalimu," akasema taratibu. "Aliye-sign hapa ni Nzikobanyanka. Mimi ni Irakoze. Mwambie huyo mtu hayupo tena."

Severin hakufasiri. Cheti cha uraia kilikuwa bado mezani, majina mawili juu ya picha moja, na mkono aliouinua kusema ni mimi mwenyewe haukuwa umemaliza robo saa. Salvator naye akakiona. Akakisukuma kando kwa kidole kimoja.

Kisha akakumbuka kwamba ana shahidi. Akaegemea meza, akasema kwa Kiingereza chake mwenyewe, kile cha mtihani wa mara ya tatu: "Ask her. Please. Ask the child who is father."

Afisa hakuwa na haja ya kuuliza. Alichokihitaji kilikuwa mbele yake. Lakini aliona watu wazima wawili wamesimama na mtoto katikati yao ameinamisha kichwa, akavua miwani, akainama kidogo. Severin anasema sauti yake ilikuwa ya huruma. Akamwuliza Keza baba yake anaitwa nani.

Salvator alimtazama bintiye, akaitikia kwa kichwa kumpa moyo. Ulikuwa uso ule wa garini, wa kila asubuhi njiani kwenda shule, na Keza aliutambua, maana alisimama wima na kuweka mikono pembeni. Macho yake yalikwenda kwa babake, yakashuka mezani, yakatulia kwenye karatasi ya mahakama.

"Sheldon Broussard," akasema. Alilisema wazi, bila kujikwaa.

Halafu akamgeukia Salvator na kusema Kiswahili, kwa mara ya kwanza siku ile. "Papa, nimesema vizuri? Lililoandikwa kwenye karatasi?"

Watu waliokuwa kwenye viti walikuwa wanatazama. Liliane alikuwa amefunika uso kwa bahasha.

"Umesema vizuri, mwanangu," Salvator akamjibu.

Njiani kurudi Severin alisema nimebadirisha, kwa r, makusudi, akitumaini Salvator atacheka. Hakucheka.

Kitanda kimebaki na nailoni yake. Liliane si mtu mbaya. Amesema milango iko wazi, aje amwone mtoto wakati wowote, na mwanasheria mmoja wa Richardson aliyeziangalia zile karatasi alisema kwamba hicho ndicho atakachokipata na ashukuru kukipata. Kuhusu Kasulu, Sheldon alikataa: mbali, vumbi, mapafu ya mtoto. Alikataa kwa adabu, na neno lake sasa ndilo lenye nguvu.

Kadi mpya ilifika kwa posta wiki mbili baadaye. Baada ya misa kijana mmoja asiyejua habari akamwambia, Papa Keza, hebu tuonyeshe tena ile kadi yako, na wote tukatazama vikombe vyetu. Salvator alisema ameisahau nyumbani. Ilikuwa mfukoni; niliona mkono wake ukienda pale na kurudi.

Mwezi wa kumi na mbili alikwenda peke yake. Bibi Esperance alimpapasa uso, akampapasa mabega, kisha akapapasa hewa pembeni yake mahali ambapo mtoto angesimama, akauliza yuko wapi. Salvator alimwambia yuko shule. Alikaa siku kumi.

Aliporudi Dallas foleni ya wageni ilikuwa ndefu hadi kwenye ngazi, watu na watoto wao usingizini mabegani, maafisa wanauliza huyu ni nani wako, mama yake yuko wapi. Salvator alipita upande mwingine. Mashine ilimpiga picha, afisa akatazama kioo chake, akasema karibu nyumbani, Bwana Irakoze, na akampisha. Hakuna aliyemwuliza kitu.